Nakala Isiyopunjwa: Tafakuri ya Mhakiki juu ya Rekodi za Michael Jackson

Utangulizi

Kwa muda wa miaka mingi nimewafundisha wanafunzi wa uhakiki wa matini kwamba swali la kwanza la mhakiki, kabla ya fani na kabla ya maudhui, ni hili: ni matini ipi iliyo mbele yetu? Kabla hatujauliza mtunzi alikusudia nini, yatupasa kujua kama maneno tunayoyasoma ni yake, au ni ya mnukuzi aliyesinzia, au ni ya mhariri aliyedhani anamsaidia. Katika somo hilo nilikuwa na mfano mmoja nilioupenda, ambao haukutoka katika hati za kale za Lamu wala za Mombasa. Ulitoka katika kaseti. Insha hii ni maungamo kwamba mfano huo haukuwa sahihi. Aidha, ni maelezo ya jinsi nilivyolitambua kosa langu, na ya sababu iliyofanya utambuzi wenyewe, ulionijia kupitia chombo kinachosifiwa kwa kutopoteza chochote, usinipe hakika niliyoitarajia.

Wakati wa likizo ndefu binti yangu alinilipia huduma ya kusikiliza muziki katika nakala zisizopunjwa, yaani zile ambazo hazikuondolewa chochote ili zipunguzwe ukubwa. Akaiunganisha tarakilishi yangu na vipokea sauti vizito vya masikioni, akaniambia: "Baba, sasa utasikia kila kitu." Nilichagua kumsikiliza Michael Jackson tangu mwanzo hadi mwisho: usiku wa kwanza nyimbo za Jackson 5 za mwaka 1969, kisha albamu zake kumi za studio, kuanzia Got to Be There ya mwaka 1972 hadi Invincible ya mwaka 2001, albamu moja kila usiku. Msomaji ataniwia radhi kwa kulileta jina hilo katika kurasa ambazo kwa kawaida huwahusu akina Muyaka. Nilikuwa na deni, na deni lenyewe lilikuwa katika albamu ya saba.

Kaseti ya Desemba

Kaka yangu mkubwa aliacha shule baada ya darasa la saba. Hakukosa akili. Karo ya watoto wawili haikuwezekana, na yeye ndiye aliyekuwa na mabega. Akateremka Mombasa kutafuta kazi ya kupakua mizigo, nami nikaendelea kusoma huku bara kwa fedha alizomtumia mama kila mwisho wa mwezi. Desemba ya mwaka 1988 alirudi nyumbani na vitu viwili vilivyotushangaza: redio kaseti ya betri sita, na Kiswahili kipya. Alikuwa ameondoka na Kiswahili chetu cha sokoni, kikavu na chenye haraka. Akarudi na Kiswahili kilichojaa viitikio, miguno na maneno yaliyovutwa mwishoni, kama mtu aliyejifunza upya namna ya kupumua.

Miongoni mwa kaseti zake ilikuwapo Bad, albamu iliyotoka Agosti 1987. Haikuwa kaseti halisi. Ilikuwa nakala ya nakala, iliyonunuliwa barabarani, jina lake limeandikwa kwa kalamu ya wino. Wimbo wa nne wa upande wa kwanza unaitwa "Liberian Girl", na kabla ya mwimbaji kuanza, sauti ya mwanamke husikika ikisema maneno machache ya Kiswahili. Tuliduwaa. Katika nyumba ile hakuna aliyewahi kufikiri kwamba lugha yetu ingeweza kutujia kutoka upande ule. Tuliurudisha utepe nyuma mara nyingi mno hata mama akalalamika kwamba tunamaliza betri za watu.

Maneno ya awali tuliyaelewa: msemaji anamwambia mtu kwamba naye anampenda na kumtaka. Neno la mwisho lilizama katika mvumo wa utepe. Mimi, mwanafunzi wa kidato cha tatu niliyejaa ngeli na viambishi, nikatoa hukumu kwamba ni "mpenzi wangu", na kwamba kaseti imemeza silabi. Kaka akatikisa kichwa.

"La, mdogo wangu. Hakuna wangu hapo. Huyo anaita: mpenzi we!"

Nikamwambia hiyo si sarufi. Akacheka bila kinyongo.

"Ninyi mnakisoma Kiswahili. Hamjaitwa nacho."

Baadaye, nikiwa chuoni, niliyaona maneno ya wimbo huo yakiwa yamechapishwa, na neno la mwisho limeandikwa "mpenziwe". Kwa mujibu wa sarufi tuliyofundishwa, kiambishi -we ni ufupisho wa "wake": mpenziwe ni mpenzi wake, kama vile mumewe ni mume wake. Nafsi ya tatu haikuwa na mahali katika usemi ule unaoelekezwa kwa nafsi ya pili. Nikahitimisha kwamba aliyeandika maneno yale alisikiliza kaseti mbovu kama yetu, akaandika alichokisikia. Huo ndio mfano niliokuwa nikiwapa wanafunzi wangu mwaka baada ya mwaka: chombo hupunja, mnukuzi huandika upungufu, mhakiki mwenye sarufi hurejesha "wangu" mahali pake. Wanafunzi waliupenda. Kaka alifariki mwaka 2003, nami sikuwahi kumwambia kwamba ubishi wetu wa Desemba ulikuwa umepata makao katika mihadhara, wala kwamba katika mihadhara hiyo yeye ndiye aliyekosea.

Kupunjwa na kutopunjwa

Inafaa kueleza kidogo maana ya nakala isiyopunjwa, kwa sababu jambo lenyewe linamhusu mhakiki kuliko anavyoweza kudhani. Sauti iliyo katika diski ya kawaida ya muziki hupimwa mara 44,100 kwa kila sekunde, na kila kipimo huandikwa kwa tarakimu 16 za sifuri na moja. Kwa kuwa kuna mikondo miwili, wa kushoto na wa kulia, sekunde moja ya wimbo huhitaji tarakimu 1,411,200. Katika siku ambazo kumbukumbu za tarakilishi zilikuwa finyu, wataalamu wa Ujerumani walishiriki kubuni mfumo wa MP3, ambao katika kiwango kilichoenea sana hutumia tarakimu 128,000 tu kwa sekunde, yaani takriban sehemu moja katika kumi na moja. Zilizosalia hutupwa. Hazitupwi ovyo: mfumo hukadiria ni sauti zipi ambazo sikio halingezitambua, kama vile sauti ndogo iliyofunikwa na kubwa iliyo jirani nayo, ukaziacha hizo. Katika kuuboresha mfumo huo, mmoja wa mafundi wake wakuu, Karlheinz Brandenburg, aliusikiliza tena na tena wimbo wa Suzanne Vega uitwao "Tom's Diner", kwa kuwa sauti ya binadamu isiyo na ala ndiyo iliyodhihirisha kasoro upesi zaidi.

Mfumo wa FLAC, uliotolewa mwaka 2001, hufuata njia nyingine. Hukunja bila kukata. Mtu akiikunja leso na kuitia sandukuni, nafasi inayochukua hupungua, lakini ikikunjuliwa kila ua liko mahali pake na jina lake linasomeka lote. Ndivyo ilivyo kwa nakala hiyo: ikifunguliwa, tarakimu hurudi zilivyokuwa, pasipo kupungua hata moja.

Mwanafunzi wa fasihi ya Kiswahili hapaswi kushangazwa na mfumo unaotupa baadhi ya sauti ukimtegemea mpokeaji kuzijazia. Sisi tumeishi na mfumo wa namna hiyo kwa karne nyingi. Hati za Kiarabu zilizotumiwa na washairi wetu wa kale hazikutofautisha, kwa desturi, baina ya /p/ na /b/, wala baina ya /e/ na /i/, wala baina ya /o/ na /u/. Neno "pepo" na neno "bibo" yangeweza kuandikwa sawasawa, na ikawa kazi ya msomaji kujua kama mshairi anazungumzia mashetani au matunda ya mkanju. Tungo za Muyaka wa Mombasa zilipokusanywa mwishoni mwa karne ya 19, W. E. Taylor alihitaji msaada wa Mwalimu Sikujua, mtu wa Mombasa, kwa kuwa hati peke yake haikutosha. Sikujua alikuwa na kile ambacho hati ilikiacha: sikio. Hichens alipoichapisha diwani hiyo mwaka 1940, msomaji wa herufi za Kirumi alipokea maneno yakiwa kamili, wala hakuona tena kwamba ukamilifu huo ulikuwa umepita kwanza katika kumbukumbu ya mtu.

Kila mfumo unaopunja, basi, una msikilizaji wake wa kuwaziwa. MP3 ilimuwazia mwenye sikio la wastani kama lilivyopimwa katika maabara. Hati ya Kiarabu ilimuwazia Mswahili aliyekwisha kuijua lugha. Nami katika darasa langu nilimuwazia nani? Nadhani nilijiwazia mwenyewe.

Nyusiku za albamu

Nitapita haraka katika nyusiku za mwanzo. Mtoto wa Gary, Indiana, aliyezaliwa mwaka 1958, anasikika katika "I Want You Back" akiwa na umri wa miaka kumi na mmoja, na katika nakala safi kinachoshtua ni pumzi zake: unamsikia akivuta hewa kabla ya mstari kama mtoto anayejiandaa kuruka mtaro. Albamu nne za Motown, kutoka mwaka 1972 hadi 1975, ni za sauti inayobadilika bila kupewa muda wa kubadilika.

Kisha kuna Off the Wall ya mwaka 1979, na mwisho wa "She's Out of My Life". Inajulikana kwamba Jackson alikuwa akilia kila alipoufikia mwisho wa wimbo huo, na kwamba mtayarishaji wake, Quincy Jones, hatimaye aliamua kilio kibaki. Katika kaseti kilisikika kama mtikisiko tu. Katika nakala isiyopunjwa ni koo la mtu, lenye unyevu, karibu mno na sikio. Roland Barthes, katika insha yake ya mwaka 1972 kuhusu chembe za sauti, alitaka tusikilize mwili ulio ndani ya uimbaji. Hapa mwili upo kiasi cha kumtia msikilizaji haya.

Lakini mhakiki ana wajibu wa kujihadhari papo hapo. Wimbo huo ulitungwa na Tom Bahler, wala si na Jackson. Nafsineni ni ya mtu mmoja, koo ni la mwingine, na machozi hatujui ni ya nani. Ukaribu wa sauti huzaa dhana ya kumjua mwenye sauti, na dhana hiyo ni ya hatari kwa msanii huyu kuliko kwa wengi. Tuhuma za kuwadhulumu watoto zilitolewa dhidi yake mwaka 1993, zikamalizwa nje ya mahakama mwaka 1994. Mashtaka mengine yalisikilizwa mahakamani naye akaachiliwa huru Juni 2005. Akafa mwaka 2009. Na mwaka 2019 filamu ilitolewa ambamo watu wazima wawili walieleza waliyosema aliwatendea utotoni. Nilizisikiliza albamu zote kumi nikiwa na habari hizo kichwani. Kuna nyakati nilijikuta nikitegea pumzi zake, kana kwamba hukumu ingepatikana humo. Haikupatikana. Nakala isiyopunjwa huhifadhi kila kitu kilichoifikia maikrofoni. Dhamiri haikuwa miongoni mwavyo.

Usiku wa Thriller ulinipa furaha ya kitaaluma. Fundi wa sauti, Bruce Swedien, alikuwa na desturi ambayo mtunza hati yeyote angeielewa: alirekodi midundo kwenye utepe mpana, akafanya nakala ya kufanyia kazi, akauweka utepe wa asili kando ili usichakae kwa kuchezwa mara nyingi. Alijua kwamba kila kusoma hula kidogo kile kinachosomwa. Yeye na Jones walisimulia pia kwamba albamu ilipokamilika mara ya kwanza ilisikika vibaya, kwa sababu muziki mwingi ulikuwa umesongwa katika kila upande wa santuri na mifereji ikawa myembamba. Wakarudi studioni, wakafupisha na kuchanganya upya. Albamu tunayoisifu kwa ukamilifu wake ni toleo lililopunguzwa.

Mpigaji ngoma wa "Billie Jean" aliitwa Leon Chancler, na dunia ya muziki ilimjua kwa jina la Ndugu. Alikuwa amepiga katika albamu ya Herbie Hancock iitwayo Mwandishi, ya mwaka 1971, ya bendi ambayo wanamuziki wake walijichagulia majina ya Kiswahili. Nilikuwa nimeusikia mdundo huo maisha yangu yote, katika matatu, katika harusi, katika vibanda vya kinyozi, nisijue kwamba aliyekuwa akipiga aliitwa kwa neno ambalo sisi humwitia mtoto wa mama mmoja.

Kiswahili katika studio za Marekani

Jina hilo halikuwa kisadifa tu. Kuanzia miaka ya 1960, Kiswahili kilipewa na Wamarekani wenye asili ya Afrika kazi ambayo hakikuiomba: kuwa lugha ya Afrika nzima. Maulana Karenga alipoianzisha sikukuu ya Kwanzaa mwaka 1966, aliyatwaa majina ya misingi yake kutoka kwetu, ingawa wengi wa wazee wa wale waliokuwa wakisherehekea walichukuliwa kutoka pwani ya magharibi. Usiku wa tarehe 28 Januari 1985, wimbo wa "We Are the World", uliotungwa na Jackson na Lionel Richie kwa ajili ya waliokumbwa na njaa Ethiopia, ulipokuwa ukirekodiwa, Stevie Wonder alipendekeza watie maneno ya Kiswahili. Wenzake wakamkumbusha kwamba Waethiopia hawasemi Kiswahili, na pendekezo likaachwa.

Miaka miwili baadaye maneno ya Kiswahili yakaingia katika wimbo unaomsifu msichana wa Liberia, nchi ambayo nayo haisemi Kiswahili. Aliyeyasema ni Letta Mbulu, mwimbaji aliyezaliwa Soweto, aliyeihama Afrika Kusini katika miaka ya 1960 na kuishi Marekani, na ambaye sauti yake ilikuwa imesikika pia katika muziki wa filamu ya Roots mwaka 1977. Tafakari safari hiyo: mwanamke aliyefukuzwa kwao na ubaguzi wa rangi, katika studio ya California, akisema kwa lugha isiyo yake maneno ya mapenzi kwa niaba ya msichana wa nchi ya tatu. Mtu anaweza kuliita jambo hili ujinga wa kijiografia, na wanafunzi wangu wamewahi kuliita hivyo. Mimi naliona kuwa namna ya kutamani. Watu walionyang'anywa lugha huchukua ile iliyo karibu na mkono.

Toleo gani?

Kabla ya kuufungua wimbo wenyewe nilifanya nililopaswa kufanya miaka mingi kabla: niliuliza ni toleo gani. Hapa neno "isiyopunjwa" linahitaji tahadhari. Linahusu safari kutoka faili moja hadi nyingine. Halisemi lolote juu ya yaliyotendwa kabla ya safari hiyo. Albamu nne kuu za Jackson zilitolewa upya mwaka 2001 zikiwa zimeandaliwa kwa kiwango cha sauti kilichoinuliwa kuliko diski za awali. Katika Bad yenyewe, wimbo wa "I Just Can't Stop Loving You" ulianza, mwaka 1987, kwa maneno ya kunong'ona. Katika toleo la 2001 maneno hayo hayamo. Katika HIStory ya mwaka 1995, maneno yaliyolalamikiwa kuwa yanawatusi Wayahudi katika "They Don't Care About Us" yalifunikwa kwa vishindo katika matoleo ya baadaye. Nakala ya matoleo hayo inaweza kuwa aminifu hadi tarakimu ya mwisho, na bado ikawa nakala aminifu ya matini iliyokatwa. Mnukuzi hakusinzia hata kidogo. Mhariri ndiye aliyetangulia.

Nimelisema hili ili nisionekane kuwa nilikiendea chombo kwa imani ya kitoto. Hata hivyo, ufunguzi wa "Liberian Girl" haumo miongoni mwa yaliyokatwa. Nilikuwa na haki ya kuutumaini.

Usiku wa albamu ya saba

Mvumo haukuwapo. Kulikuwa na sauti za nje kama za usiku wenye wadudu na ndege, kisha mwanamke akasema, polepole, kila silabi imekamilika. Hakuna silabi iliyomezwa. Hakuna "wangu", wala nafasi ambamo "wangu" ingeweza kuwa imejificha. Baada ya -zi kuna -we, safi kama sahani iliyooshwa, kisha kimya kifupi.

Nilirudia mara kumi au zaidi, kama tulivyofanya Desemba ile, isipokuwa sasa hakukuwa na betri za kuonea uchungu. Marekebisho yangu, niliyoyafundisha kwa miaka mingi kwa sauti ya mtu mwenye yakini, yalikuwa yamesahihisha kosa ambalo halikuwapo. Kaseti ya barabarani haikutupunja neno hilo. Nilijipunja mwenyewe, kwa kuwa nilijua mno kile kilichopaswa kusemwa.

Iliyobaki ilikuwa hoja ya kaka. Je, ni "mpenziwe", neno moja, mpenzi wake. Au ni "mpenzi we", maneno mawili, mwito? Kwa anayesikia Kiswahili cha pwani, mwito wa namna hiyo ni wa kila siku: jina, kisha "we", na moyo wote wa msemaji humiminika katika silabi hiyo moja. Ukisomwa hivyo usemi mzima hukaa sawa: nafsi ya kwanza inamwambia nafsi ya pili mapenzi yake, kisha inamwita. Haina haja ya kurekebishwa na mtu yeyote. Maneno yaliyochapishwa yanaunganisha, ni kweli. Lakini chapa hiyohiyo inakata vitenzi viwili vya mwanzo katikati, ikitenganisha viambishi na shina kana kwamba ni maneno mbalimbali. Mchapaji asiyejua mahali pa kutia nafasi katika kitenzi hawezi kuwa shahidi wa mahali pasipotakiwa nafasi katika jina.

Mkazo je? Kwa sikio langu unaelemea silabi ya -zi-, kama inavyotarajiwa iwapo ni neno moja. Hoja hiyo ina uzito nami sitaificha. Lakini msemaji alilelewa katika mazingira ya lugha za Kusini ambazo nazo huipa uzito silabi ya pili kutoka mwisho, na mkazo wake waweza kutuambia habari zake kuliko habari za maneno yake. Niliendelea kusikiliza hadi nikatambua kile ninachokitafuta: nilikuwa nikitafuta nafasi, ule mwanya mweupe ambao katika ukurasa hutenga neno na neno. Sauti haina mwanya huo. Tarakimu 1,411,200 kwa sekunde, hakuna iliyotupwa, na hakuna hata moja inayosema neno linaishia wapi. Mwanya hutiwa na anayesikia, kutokana na lugha aliyonayo na jinsi alivyopata kuitwa kwa lugha hiyo.

Hitimisho

Sitaki kuligeuza jambo hili kuwa fundisho kwamba kila usomaji ni sawa na mwingine. Usomaji wangu haukuwa sawa. Ulikuwa kosa, na nakala bora ndiyo iliyolithibitisha. Hiyo ni faida halisi, na mhakiki anayeibeza kazi ya kutafuta matini iliyo bora anaharibu msingi anaosimama juu yake. Kati ya masomo matatu nakala isiyopunjwa iliondoa moja. Masomo mawili yaliyosalia haikuweza kuyaamua, wala haitaweza hata ikiongezwa tarakimu maradufu, kwa kuwa tofauti yao haimo katika sauti. Hapo ndipo Taylor alipomhitaji Sikujua. Hapo ndipo mimi, mwenye shahada, nilipomhitaji mtu aliyeacha shule darasa la saba akaenda kujifunza Kiswahili kwa kuitwa nacho gatini.

Muhula ulipofunguliwa nilirudi katika somo lilelile. Niliwaeleza wanafunzi mfano wangu wa zamani, nikawaeleza kwamba haufai, nikawachezea sekunde zile chache kwa vipaza sauti vya ukumbi. Niliwaomba waandike neno la mwisho kwenye karatasi bila kushauriana. Nilipozikusanya karatasi, zilizoandikwa neno moja zilikuwa nyingi kuliko zilizoandikwa maneno mawili. Msichana mmoja kutoka Likoni alikuwa ameandika maneno mawili, akatia na alama ya mshangao.

Nilimwuliza kwa nini. Akanitazama kama anayeulizwa kwa nini maji ni maji.

"Mwalimu, si anamwita?"

Nikamwambia kwamba kuna mtu aliyewahi kunipa jibu hilo, na kwamba sikumsikiliza. Kisha nikaandika ubaoni masomo yote mawili, moja juu ya jingine, kama tufanyavyo na hati zinazohitilafiana, na kando ya somo la pili, mahali panapoandikwa jina la aliyelitoa, nikaandika jina la kaka yangu.